Mguu una bandeji, mbwa ananuka: nimwogeshe?

SWALI: Shikamoo daktari. Mbwa wetu alikanyaga kipande cha chupa ufukweni, akashonwa unyayo wa mbele na kufungwa bandeji. Leo ni siku ya tano. Jana kajigaragaza kwenye mabaki ya dagaa, nyumba nzima inanuka. Naweza kumwogesha mguu ukiwa ndani ya mfuko? Watoto wanataka kumpeleka baharini, wanasema maji ya chumvi yanaponya.
Msomaji, Raskazone, Tanga

JIBU: Marahaba. Kabla ya yote, nusa bandeji peke yake. Ikiwa ndiyo inayonuka, au ina unyevu wa usaha, tatizo si dagaa, ni kidonda. Mpeleke kwa daktari wa mifugo leo hii.

Kama ni manyoya tu, usimwogeshe, mfute. Chovya kitambaa kwenye maji ya vuguvugu yenye shampuu kidogo ya mbwa, ukamue mpaka kisidondoke, ufute kufuata ulalo wa manyoya. Rudia kwa kitambaa cha maji matupu, kisha taulo kavu. Sabuni ya unga ya kufulia hapana, inachoma ngozi.

Tunasisitiza hivyo kwa sababu pamba iliyo chini ya bandeji hunyonya maji na kuyashikilia. Ukimwanika juani, juu patakauka na ndani patabaki pamelowa, hasa kwa joto la unyevu la Tanga. Ngozi hulainika na kuwa nyeupe kama vidole vya mfuaji, nyuzi huikata, vijidudu huingia. Bahari ni hivyo hivyo, na mchanga juu yake.

Ikibidi maji kabisa, muwe wawili. Mmoja amshike na kuuweka mguu nje ya beseni. Uvike mfuko mzima wa mkate, uufunge juu ya bandeji kwa utepe wa kitambaa, kidole chako kipite chini yake. Usitumie mpira wa kufungia: hubana damu, na ukisahaulika ndani ya manyoya hukata nyama. Mimina kwa kopo, si kwa bomba, kuanzia mabegani kwenda nyuma. Dakika 10 zinatosha. Mfuko utoke papo hapo, kwani unyayo wa mbwa hutoa jasho na utalowesha bandeji kutoka ndani.

Ikilowa hata kidogo, ibadilishwe siku hiyo hiyo. Kila asubuhi na jioni tazama vidole viwili vya katikati, kama vimeachwa wazi: kucha zikiachana, au vidole vikiwa baridi, bandeji inabana, na hilo halingoji kesho.

Ukikuta kupe unapomfuta, mtoe kwa kibano, ukimshika karibu na ngozi na kuvuta moja kwa moja. Dawa ya kuogeshea ng'ombe usiiguse.

Nyuzi kwa kawaida hutolewa kati ya siku 10 na 14. Za unyayo mara nyingi huachwa zaidi, maana hubeba uzito. Kwa kutembea nje kwenye umande, mwombe daktari mfuko mtupu wa dripu. Ukikatwa mdomo huwa kiatu kizuri. Mvue akirudi ndani.