Siafu humuua nyoka aliyeshindwa kuondoka

Swali la wiki liliuliza kama kweli siafu wanaweza kumuua nyoka mkubwa. Wanaweza, ila si nyoka yeyote. Kundi linalowinda husonga mbele kiasi cha mita 20 kwa saa, kwa hiyo nyoka mzima aliye mahali pa wazi huliacha nyuma bila taabu. Anayekufa ni aliyekwama: chatu aliyelemewa na mnyama aliyemmeza, nyoka anayekaribia kujivua gamba na macho yameingia ukungu, jike aliyejiviringisha juu ya mayai, au aliyelala katika shimo lenye mlango mmoja.

Siafu vibarua na askari hawana macho. Hufuata harufu iliyopakwa njiani na kupapasana. Wa kwanza kumgusa nyoka huuma na kung'ang'ania, wengine wakamiminika hapo hapo. Magamba ni kinga nzuri, basi madhara makubwa hutokea penye ulaini: macho, matundu ya pua, kinywa, tundu la haja, na ngozi iliyo kati ya magamba, ambayo hujitokeza zaidi tumbo linapotanuka baada ya mlo. Sumu ya nyoka haimsaidii kitu, maana hawezi kuwauma maelfu mmoja mmoja. Kujikunja kunakomlinda dhidi ya adui mkubwa hapa kunamzuia tu asiondoke.

Wengi hudhani siafu huua kwa sumu. La, silaha yao kuu ni taya, nazo hukata nyama. Hapo ndipo wanapotofautiana na jamaa zao wa Marekani ya kitropiki, Eciton, ambao askari wao wana taya za kulabu: hushika vizuri lakini hazikati, kwa hiyo mzoga mkubwa huachwa.

Wapo pia nyoka wanaokula watoto wa chungu wa jamii hii. Rena dulcis, nyoka mdogo mwembamba wa Texas, hufuata njia ya harufu hadi kiotani na kula mabuu. Akivamiwa hujiviringisha na kujipaka majimaji yatokayo kwenye tundu la haja, na chungu humkwepa.

Nyoka wa kufugwa ndiye aliye hatarini zaidi, kwa kuwa kizimba ni shimo lisilo na mlango. Miguu ya meza ya kizimba isimame ndani ya makopo yenye maji na mafuta kidogo juu yake. Kinga hii huharibika kwa kitu kidogo sana: tawi linalogusa ukuta, waya wa taa, au majani makavu yaliyoelea koponi yakawa daraja. Kagua kila jioni, hasa msimu wa mvua, na msafara ukishafika hamisha kizimba kizima badala ya kuanza kuwapangusa siafu.