Kriketi Jumamosi, mkuki Jumanne: kilio cha kiwiko changu

Mimi ni mchezaji wa ridhaa. Wikendi nacheza kriketi, na siku mbili za katikati ya wiki, nikitoka kazini, narusha mkuki. Wanaotaka kufuata njia hii huniuliza kuhusu viatu na ratiba. Mimi huanza na kiwiko.

Nilidhani mkono uliozoea mpira wa kriketi, ambao una gramu 160 hivi, ungeumudu mkuki wa gramu 800 bila tabu. Arshad Nadeem, mrusha mkuki wa Pakistan, alianzia kwenye kriketi, na mwaka 2024 mjini Paris akarusha mita 92.97, rekodi ya Olimpiki. Nilitiwa moyo mno. Ila yeye alichagua mchezo mmoja, nami nikashika yote miwili.

Jumamosi moja nilirusha ova kumi (ova moja ni mipira sita), kisha nikapangwa karibu na mstari wa mpaka. Kila mpira uliokuja niliurudisha kwa haraka, mkono ukipita ubavuni, kiwiko chini ya bega. Kesho yake asubuhi nikaenda kurusha mkuki. Mrusho wa nne, kitu kikavutika upande wa ndani wa kiwiko, kidole cha mwisho na jirani yake vikafa ganzi. Nikaongeza mirusho miwili. Hiyo miwili ndiyo ninayoijutia, kwa sababu msimu wote uliobaki niliutumia kwenye mazoezi ya tiba.

Michezo hii inaudai mkono mambo yanayopingana. Mrushaji wa kriketi haruhusiwi kukunjua kiwiko zaidi ya digrii 15 mkono ukishafika usawa wa bega. Kwenye mkuki, kiwiko hujikunja, kikatangulia, kisha kikafyatuka juu ya bega. Nilipochanganya, mkuki wangu uliyumba hewani na kutua kwa tumbo, na usipotanguliza ncha mrusho hauhesabiwi.

Panapofanana ni mguu wa mbele. Ukikanyaga huku goti limelegea, kasi yote ya mbio inapotelea hapo, na bega na kiwiko hulazimika kuifidia. Mimi nilirudi kwenye hatua tatu tu, bila mbio, wiki baada ya wiki, hadi mguu ukakaza. Hata mpira wangu wa kriketi ukaongezeka kasi.

Kwa hiyo hesabu mirusho yote, pamoja na ile ya kupasha mwili na ya kurudisha mpira kutoka mpakani, ambayo hakuna anayeihesabu. Mpira wa mbali urushie juu ya bega, udunde mara moja kabla ya kumfikia mlinda wiketi, yule anayesimama nyuma ya vijiti. Usirushe mkuki kesho yake baada ya mechi. Maumivu ya ndani ya kiwiko yakianza, acha siku hiyohiyo na umwone mtaalamu; bandeji si ruhusa ya kuendelea.

Na mwambie nahodha mapema. Wangu nilimwambia kabla ya msimu kwamba mwisho wangu ni ova nane. Alinuna kidogo, kisha akapanga mrushaji mwingine wa kunipokea. Jumamosi hii nimepewa nane kamili, na mkuki utasubiri hadi Jumanne.