Wamepaka X, wakaondoka

SWALI: Salaam aleikum, Wakili. Nauza mahamri hapa Changamwe, karibu na reli. Kiwanja nilinunua 2009, tukaandikiana mbele ya mzee wa mtaa, nikajenga vyumba vitatu vya matofali. Stima ninayo. Jumatatu walikuja vijana wanne na mkebe wa rangi, wakapiga X nyekundu ukutani, wakasema ardhi ni ya serikali, tuhame ndani ya siku 14. Barua sikuiona. Nilipouliza wametoka ofisi gani, mmoja akanijibu, "Serikali, mama." Karatasi yangu itanifaa? Na wanaweza kunibomolea hivi hivi?
Mama Mahamri, Changamwe

JIBU: Aleikum salaam, mama. Nianze na lililo chungu, afadhali ulisikie kwangu kuliko kwa wakili wao. Karatasi ya mzee wa mtaa si hati miliki. Kama ardhi ni ya umma kweli, aliyekuuzia hakuwa na cha kuuza. Na ile habari ya "nimekaa miaka 12, ni pangu" haishiki dhidi ya ardhi ya umma. Hata wenye hati zao wameangushwa: 2023 Mahakama ya Juu, katika kesi ya kiwanja cha ufuoni Nyali, ilisema hati haimkingi mtu ikiwa ardhi ilitolewa kinyume cha sheria tangu mwanzo.

Hiyo karatasi usiitupe lakini. Inaonyesha umeingia lini.

Sasa hao vijana. Rangi si ilani. Sheria ya Ardhi, ilivyorekebishwa 2016, kifungu cha 152C, inaitaka Tume ya Kitaifa ya Ardhi itoe ilani kwa maandishi, iichapishe kwenye Gazeti Rasmi na katika gazeti linalosomwa nchi nzima, tena itangazwe redioni, miezi mitatu kabla ya kumwondoa mtu kwenye ardhi ya umma. Miezi mitatu, mama, si siku 14. Na hata siku yenyewe ikifika, kifungu cha 152G kinawataka wajitambulishe, waonyeshe idhini rasmi, maafisa wa serikali wawepo, na wewe upewe nafasi ya kwanza kubomoa na kuokoa mali yako. Wengi hawalijui hili la mwisho, wakaja kuyanunua mabati yao wenyewe kwa wauza vyuma.

Kuna waliokutangulia. Wakazi wa kijiji cha Mitumba, kando ya uwanja wa ndege wa Wilson jijini Nairobi, walipewa siku saba mwaka 2011. Novemba wakabomolewa, kesi yao ikiwa tayari mahakamani. Ilifika hadi Mahakama ya Juu, na Januari 2021 ikaamuliwa kwamba aliyekaa muda mrefu kwenye ardhi ya umma, ingawa hana hati, ana haki ya makazi ambayo mahakama inaweza kuilinda. Karibu miaka kumi ilipita, na nyumba hazikusimama tena zenyewe. Ndiyo maana nakuhimiza uende kabla tingatinga halijafika.

Mwandikie Tume, nakala kwa chifu na kwa naibu kamishna wa kaunti: ni ofisi gani inadai, kwa nambari gani ya kiwanja, na ilani iko wapi? Nakala yako igongwe muhuri. Ukipata nambari, fanya sachi ya ardhi, yaani uangaliziwe kwenye rejista ya serikali imeandikwa jina la nani. Mpaka nao upimwe, maana uko karibu na reli, na mpaka wa "ardhi ya reli" unaotajwa mdomoni mara nyingine hupita mbali na ule wa ramani. Wasipojibu upesi, nendeni majirani wote pamoja Mahakama ya Mazingira na Ardhi, Mombasa, mkaombe amri ya zuio. Ada ya wakili ikiwashinda, ulizieni Kituo cha Sheria, wanasaidia wasio na uwezo.

Na hiyo X usiifute kabla ya kuipiga picha, wewe na nyumba mkionekana.