Maswali yenu: Ulimwengu unaopasuka bila kikomo

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Ninaandika hadithi ndefu ya kubuni. Katika ulimwengu wangu kila kitu kilianza kikiwa kimoja, kikapasuka kuwa viwili vinavyopingana, Nuru na Giza. Nuru nayo ikapasuka kuwa Joto na Baridi, Giza likawa Sauti na Kimya, na kila nusu inaendelea kupasuka milele. Wanafalsafa wa huko wanauita Mpasuko. Shujaa wangu ni askari wa Nuru aliyeapa kulimaliza Giza. Rafiki yangu anasema nadharia haishiki, kwa sababu kitu kikigawanywa bila kikomo mwishowe hakibaki kitu. Je, ni kweli? (Msomaji, Tanga)

JIBU: Marahaba. Rafiki yako amekosea, lakini nadharia yako ina tatizo jingine ambalo hakuliona, na mimi nalipenda sana.

La kwake ni jepesi. Anazungumzia mwisho wa kazi ambayo haina mwisho. Aristotle, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, alilijibu zamani: kugawika bila kikomo maana yake ni kwamba baada ya kila mkato upo mwingine, si kwamba itafika siku mikato yote imekamilika. Wachina wa kale nao walikuwa na kauli kwamba fimbo fupi ukiikata nusu kila siku haitaisha hata vizazi elfu kumi. Katika dunia yetu fimbo ya kweli ingekugomea mapema: mita moja, ukiikata nusu kama mara 33, unakuwa umefika kwenye ukubwa wa atomu, na huo si mti tena. Ila ulimwengu ni wako. Ukiamua hauna atomu, hauna.

Sasa tatizo lenyewe. Nuru inapopasuka, kila nusu inaondoka na nini? Kuna njia mbili. Ya kwanza ni kuchambua: kila mkato unatenga, na vipande vinazidi kuwa safi. Ya pili ni kwamba upinzani unazaliwa upya ndani ya kila kipande. Barua yako inaeleza njia ya pili, lakini shujaa wako anaishi katika ya kwanza.

Ili uone tofauti hiyo kwa macho, tafuta sindano ya kushonea na sumaku ya spika mbovu. Isugue sindano kwenye sumaku kwa kuelekea upande mmoja tu, kutoka kwenye tundu hadi kwenye ncha, mara nyingi, bila kurudisha nyuma. Ifunge uzi katikati uiache ining'inie. Itazungukazunguka, kisha itatulia ikielekea kaskazini na kusini. Ifunike kwa kitambaa, maana vipande huruka, halafu ivunje katikati kwa koleo. Kila mwaka wanafunzi wangu hutabiri kwamba watapata kipande cha kaskazini na kipande cha kusini. Hawapati. Wanapata sindano mbili fupi, kila moja ina kaskazini yake na kusini yake. Pale palipovunjika, ambapo punde tu hapakuwa na ncha yoyote ya sumaku, zimezaliwa mbili zinazopingana, na ukizisogeza zinavutana. Vunja tena, ni yale yale.

Petrus Peregrinus, msomi wa Ufaransa, alilieleza jambo hili mwaka 1269, katika barua aliyoiandika akiwa na jeshi lililouzingira mji wa Lucera, Italia. Mwaka 1931 mwanafizikia Mwingereza Paul Dirac alionyesha kwamba hesabu za fizikia hazikatazi ncha moja ya sumaku kuwepo peke yake. Watu wameitafuta tangu wakati huo, na mpaka leo haijathibitishwa kupatikana.

Kwa hiyo askari wako hawezi kushinda, na kisa chake si uhaba wa nguvu. Akilifukuza Giza lote nje ya mipaka, Nuru iliyobaki ina Joto na Baridi tayari kupigana. Hapo ndipo hadithi yako inapoanza, mimi naamini hivyo. Ningetaka kujua atafanya nini siku atakapowaona wenzake wa kikosi kimoja wakitazamana kama maadui.

Usisahau pia kwamba nadharia ya namna hii huwa na wenyewe wanaoitumia. Nchini China, mwaka 1964, ulizuka mjadala mkali: je, jambo la msingi ni kimoja kugawanyika kuwa viwili, au viwili kuungana kuwa kimoja? Mao, kiongozi wa nchi hiyo, alisimama na kugawanyika. Mwanafalsafa Yang Xianzhen, aliyetetea kuungana, alishambuliwa hadharani na baadaye akafungwa. Wanafalsafa wako wa Mpasuko wanakula wapi? Nani anawalipa? Mtawala anayehitaji adui mpya kila mara angewapenda mno.

Mwisho, amua nani anayekata. Sindano ilihitaji mkono na koleo. Ikiwa vitu vyako vinajipasua vyenyewe, weka kasi kabla hujaandika sura nyingine, kwa sababu hesabu hii inakimbia. Yijing, kitabu cha kale cha Wachina cha kupigia ramli, huanza na mistari ya aina mbili tu, na kwa hatua sita imeshafikisha michoro 64. Hatua ya 20 ni vipande 1,048,576. Kama ni mpasuko mmoja kwa kila kizazi, shujaa wako ataona mmoja au miwili maishani mwake, na hilo linaandikika. Kama ni mmoja kwa siku, kabla ya mwezi kwisha hutakuwa na majina ya kuvipa.