Mwanangu anapungapunga mikono, je ni usonji?

SWALI: Shikamoo dada, mi nina mtoto wa kike wa miezi 9, tunakaa Mbagala Rangi Tatu. Akimuona baba yake anaingia, au nikishika tu bakuli la uji, anapunga mikono yote miwili kwa kasi kama kifaranga anayetaka kuruka, na viganja anavizungusha. Sasa mtoto wa dada yangu ana miaka 4 ana usonji (autism, ubongo unakua tofauti, kuongea na kuchangamana na watu kunamuwia vigumu) na yeye anapunga hivyo hivyo, yani nimeogopa usiku silali. Mama mkwe anasema akianza nimfunge mikono na kanga atazoea kutulia. Nifanyeje? Mama Naima.

JIBU: Marahaba mdogo wangu, na pole sana. Kabla ya yote, hiyo kanga iache kabisa, usimfunge mtoto mikono.

Mtoto wa miezi 9 hana maneno, furaha yake ataisemea wapi kama sio mikononi na miguuni? Kuna mtafiti wa Marekani, Esther Thelen, mwaka 1979 alitoa utafiti wake, aliwafuatilia watoto 20 wa kawaida kabisa katika mwaka wao wa kwanza akahesabu aina 47 za mijongeo ya kurudiarudia, kurusha miguu, kupunga mikono, kujitikisa mwili mzima, na akaona inapamba moto pale mtoto anapokaribia kuweza kitu kipya. Mwili unajifunza. Kwaiyo kupunga peke yake hakukwambii kitu, na kwa umri wa Naima ni jambo la kila siku.

Mi mwenyewe mwanangu wa pili ana usonji, sasa hivi ana miaka 11, na tofauti niliyoiona ntakwambia. Alivyokuwa na mwaka na nusu alikuwa anasimama chini ya pangaboi, vidole karibu kabisa na macho, anavichezesha huku anaangalia mwanga ukipita katikati, na ungemuita jina lake mara kumi hageuki, ila umeme ukikatika pangaboi likasimama analia mpaka anakosa pumzi. Mimi nilikuwa naangalia mikono tu kama wewe, kumbe cha kuangalia kilikuwa shingo ambayo haigeuki na kidole ambacho hakijawahi kunionyesha kitu hata siku moja.

Naima akipunga anamuangalia nani? Wewe umeniambia mwenyewe, baba yake na bakuli la uji, maana yake yuko na nyie. Mchezee, mfichie uso kwa kanga (hiyo kazi kanga inaiweza) uone kama anacheka na kusubiri umtokee tena. Akifika mwaka awe anageuka akiitwa, anabwabwaja baba-dada-mama, anapunga kuaga au ananyoosha kidole. Akifika miezi 16 hana hata neno moja, au miaka 2 hajaunganisha maneno mawili kwa akili yake, nenda hospitali, usikubali kuambiwa atasema tu mbona baba yake alichelewa. Na wakati wowote ule akipoteza alichokuwa anakiweza, hapo usisubiri hata wiki. Kwa mtoto wa kike hasa, akiacha kushika vitu na kuanza kusuguasugua mikono kama anafua nguo, mwambie daktari hivyo hivyo ulivyoona.

Kuna kitu kingine huwa kinanitia uchungu maana watu wanakiita mshtuko au jicho la mtu wanakaa nacho nyumbani. Mtoto mchanga ghafla anajikunja, kichwa kinainama, mikono inaruka, anaachia, baada ya sekunde chache tena, tena, kwa mfululizo, mara nyingi akitoka tu kuamka, na ukimshika haikatiki. Hiyo ni aina ya degedege, inaweza kuharibu ubongo, ni hospitali siku hiyo hiyo. Mrekodi kwa simu, daktari akiona video ya nusu dakika anaelewa kuliko maelezo ya saa nzima. Hata huko kupunga kwa kawaida kama moyo haujatulia mrekodi, siku ya kliniki muonyeshe nesi, na uombe masikio yake yapimwe. Ikibidi, omba rufaa ya Muhimbili, wana madaktari wa watoto wa mambo haya.

Mtoto wa dada yako naye asifungwe. Kwake kupunga ndiyo kupumua, makelele ya daladala na muziki wa jirani yanamjaa kichwani na mikono ndiyo inamtuliza, mkimzuia atatafuta kingine, pengine kujing'ata. Labda kama anajiumiza, hapo mpeni mbadala, mwanangu mi nilimpa kitambaa cha kuvuta. Mwambie dada yako aulizie shule pia, Msimbazi Mseto pale Ilala wana kitengo cha watoto wenye usonji.

Mama mkwe msalimie, mwambie alete huo uji mapema. Na Naima akitimiza mwaka niandikie tena uniambie kama ameanza kuonyesha kwa kidole.