Kaseti ya nyimbo kali tupu ilivonichelewesha kumjua Sade

Kwanza nikiri nlikua nakosea. Miaka mingi ukinitajia Sade, yule mwimbaji wa soul wa Uingereza, ntakwambia huyu mama sauti anayo lakini wimbo wake ni mmoja tu, abadilisha maneno. Kumbe kosa ni la kaseti. Ami yangu alikua afanya kazi Mombasa, akaja Lamu na ile ya mkusanyiko ilotoka 1994, nyimbo zilopendwa tupu, tukaipiga pale nyumbani Langoni mpaka ukanda ukaanza kulia kama paka. Sasa miaka kumi ya mtu ukiimeza ndani ya saa moja utajuaje alianzia wapi akafika wapi?

Kwa hivo ukitaka kumjua mwimbaji wa soul, mkusanyiko uwache mwisho. Mimi nlikuja kuponea ndani ya basi la Mokowe kwenda Malindi, na ile njia mwaijua, vizuizi, shuka toa kitambulisho panda tena, nikaamua kila safari albamu moja kwa mfuatano wa miaka, bila kuruka wimbo hata ule unaoboesha. Pakua kabisa ukiwa nyumbani, mtandao wa njiani huja ukijisikia.

Ya kwanza, Diamond Life ya 1984, ni msichana wa London alojipanga, saksofoni imejaa kila pembe. Promise ya 1985 ni nyumba ile ile ila ndani kuna machungu zaidi. Stronger Than Pride ya 1988, wallahi mimi huipita haraka, mashabiki wanisamehe.

Lakini Love Deluxe, 1992, hapo tulia. Kuna wimbo waitwa Pearls, unamhusu mwanamke wa Somalia anaechokora kando ya barabara apate cha kumuweka hai, na ngoma zimewekwa kando kabisa, ni nyuzi na sauti yake basi. Mimi mwaka ule nlikua mtoto, huku pwani watu wanashuka mashuani wamekimbia vita hiyo hiyo, mama akiwapelekea uji, na sikujua kama kuna mtu Uingereza ameketi akaimba habari zao. Nlipousikia ndani ya basi nikageuza uso dirishani, jirani asinione. Toka siku hiyo nkisikiza albamu mpya ya mtu sitafuti alichoongeza, natafuta alichotoa. Walokulia kwenye taarab wataelewa, udi ukinyamaza mwimbaji abaki uchi, hana pa kujificha.

Ingine nlochelewa kuijua, Sade ni jina la bendi pia, si lake peke yake. Wapigaji wake, Matthewman, Hale na Denman, wako nae toka albamu ya kwanza mpaka ya sita. Kwa hivo angalia nani yuko nyuma ya mwimbaji wako, maana wengine wakibadilika ukichunguza utakuta wamebadilisha prodyusa tu. Hawa watu ni wale wale, wamezeeka pamoja, so kilichobadilika ni wao wenyewe.

Halafu usiunganishe ya nne na ya tano siku moja tafadhali. Kati yake kuna miaka minane ya kimya, na katikati hapo Sade mwenyewe ashakua mzazi. Mimi bila kupanga nlikatiza safari miezi kadhaa, nami nlikua nimejifungua, niliporudi basini nikaweka Lovers Rock ya 2000 nikadhani simu imekosea. Gitaa limekaa mahali pa saksofoni, kuna harufu ya rege, hata jina lenyewe ni la ile rege ya mapenzi ya Uingereza, na kuna wimbo wa mhamiaji anaeangaliwa vibaya, na yeye kazaliwa Ibadan, baba Mnigeria mama Mwingereza, so hiyo hakuhadithiwa. Kisha kimya tena, miaka kumi, ndo ije Soldier of Love ya 2010 na ngoma zake za kijeshi. Sauti bado iko chini, haijapanda hata ngazi moja, ila kila kitu kilichoizunguka kimehama.

Mwenzangu mmoja wa Shela nlimpa mpango huu, akaupindua, akaanza na ya sita akirudi nyuma. Alipofika ya kwanza akanipigia kulalamika kua saksofoni zile ni kama bi harusi alopakwa poda kupita kiasi. Nimeisikiza tena jana usiku nikitafuta cha kumjibu, na bado sijapata.