Nondo mwenye almasi mgongoni

Umeuliza ni mdudu gani huyo mdogo wa kijivu uliyemkuta kwenye kabichi, mwenye mchoro mweupe mgongoni: ni nondo wa mgongo wa almasi, kwa jina la kisayansi Plutella xylostella. Akitulia na kukunja mabawa, mtazame kwa juu: kingo mbili za rangi ya maziwa, zenye mawimbi, hukutana katikati na kuchora almasi tatu mfululizo. Anapendeza mno! Kwa jike mchoro hufifia kidogo. Mwili haufiki sentimita 1, na vipapasio vya kichwani huvielekeza mbele. Yuko kila bara isipokuwa Antaktika, kwani upepo humvusha hata bahari. Ukitaka uhakika, mguse kiwavi wake wa kijani: atajipindapinda kinyumenyume, kisha atadondoka na kuning'inia kwa uzi wa hariri.